Kiraka cha Mama Yako na Tundu Lako

Mafubira, Jumapili, tumetoka kanisani

Khainza mwanangu,

Sitaanza kwa kukuuliza hali, maana hali yako ndiyo iliyonikalisha chini niandike. Umekwenda kuwaaga wenzako wa kwaya na umesema utarudi kabla ya giza. Nina saa chache. Unajua mkono wangu ulivyo mzito. Gunia la mahindi nalibeba kwa wepesi kuliko kalamu. Nivumilie herufi zikipinda, na tafadhali usiisome barua hii umesimama.

Mambo ya safari siyasemi. Shangazi yako Nambozo atakupokea Mbale, chumba chake cha Namakwekwe unakijua, na chuo cha ualimu kiko mwendo wa miguu kutoka pale. Hayo utayaweza. Ninachotaka kusema ni ukuta.

Nimeuona. Ukuta wa jikoni, nyuma ya jerikeni za maji, usawa wa kifua chako. Pamechokolewa. Kwanza nilidhani ni panya, lakini panya hachimbi juu hivyo wala hafagii vumbi lake. Ijumaa nilirudi mapema kutoka kazini, kule stoo ya magunia, mvua ilikuwa imenyesha, nikakuona umesimama pale unanusa udongo uliolowa, macho umefumba. Nilirudi nyuma hatua kumi nikakohoa njiani ili unisikie. Ulipotoka ulikuwa unafuta mdomo kwa mgongo wa mkono. Ukasema, “Leo umetoka mapema.” Nikasema mvua imelowesha mahindi. Tukaishia hapo, watu wazima wawili, kila mmoja na uongo wake mdogo.

Tangu siku hiyo nakuangalia unavyoteka maji. Zamani ulitoka bombani hadi mlangoni bila kutua. Sasa unatua mara mbili, na mara ya pili unashika ukingo wa ua wa jirani.

Sikuulizi kama una mimba. Hilo ni lako. Kama lipo utaniambia au hutaniambia, nami nitabaki baba yako. Nakuuliza kama una damu ya kutosha mwilini.

Nauliza kwa sababu ukitazama vizuri, chini kidogo ya tundu lako, utaona kiraka. Rangi yake imepauka kuliko udongo mwingine. Nilikiziba mimi baada ya kumzika mama yako. Na yeye alichokoa hapo hapo. Kiko chini kwa sababu alikuwa mfupi.

Ulikuwa na miaka minane. Najua unachokumbuka, kwa sababu ndicho tulichokulisha sote: kwamba Amongin alikuwa mpishi, kwamba mchuzi wake wa karanga ulinukia mpaka barabarani, kwamba hakuna mtu aliyeingia mlango huu akatoka na njaa. Ni kweli. Lakini mimi ndiye niliyeanzisha maneno hayo, na niliyaanzisha ili kuficha mengine.

Mama yako alikuwa mwandishi.

Uliniuliza mara mbili. Mara ya kwanza ulikuwa darasa la saba, ulikumbuka kumwona akiandika, ukauliza aliandika nini. Nikasema mapishi. Ukaenda ukamwambia mwalimu wako kwamba mama yako aliandika mapishi, na mwalimu akakusifu, ukarudi umefurahi, nami nikakuacha ufurahi. Mara ya pili uliuliza daftari liko wapi. Nikasema lilichomwa pamoja na godoro lake. Halikuchomwa. Liko chini ya shuka zako kwenye begi. Nimeliweka sasa hivi kabla ya kuanza barua hii, ili nikikosa nguvu katikati nisiweze tena kulificha. Maana begi lako umelifunga kwa kamba, na nilipolifungua nilishindwa kulifunga kama ulivyofunga wewe. Utajua tu.

Nikuambie alivyokuwa. Baba yake alikuwa mtu wa kabila la Wateso, askari jela aliyehamishiwa Mbale, na Amongin alikulia katika laini za askari, nyumba zile za mabati zilizopangwa kama meno. Pale kila mtoto alikuwa na lugha yake ya nyumbani, na uani wote walizungumza Kiswahili. Ndicho alichokuja nacho kwangu, ndicho tulichokulea nacho. Unajua watu wa hapa Uganda wanavyokichukia. Walikisikia mara ya kwanza kutoka kwa mtu mwenye bunduki akiwaambia walale chini. Mama yako aliandika kwa Kiswahili hicho hicho kuhusu mboga, vikohozi vya watoto, na wanaume wanaorudi nyumbani wamevua viatu ili wasisikike.

Alianza kwa kuwaandikia majirani barua kwa waume zao walioko kambini. Alipozoea akaanza kuandika yake. Mchana, kazi zikipungua, wanawake walikaa kwenye kivuli cha paa la nyuma wakichambua maharage, naye akawasomea. Mimi niliacha shule darasa la nne. Yeye ndiye aliyeninyoosha nikaweza kusoma gazeti mpaka mwisho, na hata kwa barua hii namshukuru. Lakini hadithi zake wakati huo sikuzisoma. Niliona ni maongezi ya wanawake ambayo bahati mbaya yamepata karatasi.

Sasa sikiliza habari ya hamu.

Alipokuwa na mimba ya yule mdogo wako ambaye hukumwona, alianza kutaka malewa. Alikula malewa utotoni kwa majirani wa Kigisu, kabila letu, na hapa Jinja hayapatikani hovyo; hayo machipukizi ya mianzi ya mlimani kwetu, yaliyokaushwa kwa moshi, lazima mtu ayalete kutoka Mbale. Aliniambia jioni moja, kwa mzaha, kwamba angeweza kutembea mpaka Mbale kwa harufu yake. Nikacheka. Wiki iliyofuata akaniambia tena bila mzaha. Nikasema nitamwagiza dereva wa lori. Sikumwagiza. Akaniambia mara ya tatu nikamjibu kwamba mimba si ugonjwa.

Wakati huo huo nilimwona na msumari ukutani. Alisema udongo unamtuliza. Mama yangu mzazi alikula udongo, shangazi zangu walikula udongo, sokoni unauzwa umefinyangwa vizuri. Sikuona ajabu.

Na mimi hamu zangu? Hizo hakuna aliyeniuliza. Kila siku ya mshahara, kabla ya kufika nyumbani, nilipita sokoni na mwenzangu Waiswa tukala maini ya kuchoma, yenye chumvi na pilipili, tumesimama. Nilijiambia mgongo unaobeba magunia unahitaji nyama. Ni kweli unahitaji. Kisha nikaja nyumbani, nikanawa mikono vizuri kwa sabuni isije ikanukia, nikaketi nikaletewa chakula, naye akala mwisho, kilichobaki. Mayai hakula kabisa. Mama yangu alikuwa amemwambia kwamba kwetu mwanamke aliyeolewa hali mayai wala kuku, na mimi nilikuwepo alipoambiwa, nikatazama pembeni.

Mwishowe malewa yalikuja. Niliyaagiza baada ya miezi miwili, na yalipofika nilijisikia mwanamume wa maana sana. Nikamwambia Waiswa. Waiswa akawaambia wengine wawili. Nikawakaribisha wote Jumapili waje waonje chakula cha kwetu.

Mama yako aliyaloweka, akayachemsha, akamwaga maji, akayachemsha tena, akasaga karanga, siku nzima amesimama na tumbo lile. Tulikula nje. Tulikula mpaka tukavimba. Waiswa alisema, “Mama Khainza, hii chakula inaweza kufanya mtu ahame dini.” Sote tukacheka, na yeye akacheka. Nilipoingia ndani kuchukua maji nilimkuta amechuchumaa, sufuria imeinama, anapangusa pembeni kwa kidole. Aliponiona akaweka sufuria chini na kuuliza kama wageni wameshiba.

Nilisema ndiyo. Nikachukua maji nikatoka.

Hilo ndilo kosa langu, Khainza. Mtu akikuambia baba yako alikuwa mlevi au alipiga mke, ni uongo. Sikuwahi kumpiga. Nilileta wageni wakala dawa yake, kisha nikatoka na maji.

Siku chache baadaye aliandika hadithi. Utaikuta katikati ya daftari, kurasa mbili na nusu. Mwanamke ana hamu ya chakula kimoja. Anamwomba mumewe, mume anasahau. Chakula kinakuja, wageni wanakimaliza. Mwanamke anaanza kula ukuta. Anakula jikoni, anakula chumba, kila siku kidogo, na kila jioni mume anarudi, anakula, analala, haoni kwamba upepo unaingia. Mpaka siku moja anarudi anamkuta mkewe ameketi kwenye mkeka katikati ya uwanja mtupu, mlango umesimama peke yake. Anauliza, “Nyumba iko wapi?” Mke anasema, “Nimeila. Niliwangoja wageni washibe kwanza.”

Wanawake walicheka hadithi hiyo wiki nzima. Mmoja wao alikuwa mke wa Waiswa. Jumatatu nikafika stoo, nikawa nimeinamia gunia, nikasikia Waiswa nyuma yangu: “Baba Khainza, vipi, nyumba bado iko?” Stoo nzima ikaangua kicheko. Hata nyapara, ambaye hacheki, aliuliza kama asubuhi nilitoka mlangoni au palipokuwa ukuta.

Nilirudi nyumbani nikiwa na hasira iliyotulia, ambayo ni mbaya kuliko ile ya kelele. Nikasema nipe daftari. Akanipa, nikaisoma hadithi ile. Nikamwambia, “Umenianika.” Akasema, “Sikukuandika wewe. Niliandika njaa.”

Maneno hayo nimeyabeba mpaka leo. Siku ile niliona ananijibu kwa kiburi. Nikalifunga daftari ndani ya gunia tupu, nikalipeleka stoo, nikalipachika juu kwenye mihimili ya paa, nalo likakaa huko mpaka juzi nilipolishusha. Hakuliomba. Wala malewa hakuomba tena. Aliacha kuandika, akawa anakaa na wale wanawake akichambua maharage kimya, na nyumba ikatulia, nami nikajisifu kwamba nimeituliza. Viganja vyake vilikuwa vimekuwa vyeupe kama vya mtu aliyekanda unga. Akipanda ngazi mbili za kanisani alisimama kupumua. Nilimuuliza mara moja. Akasema, “Mimi ni mzima.” Na mimi nilitaka kuamini, kwa hiyo niliamini.

Uchungu ulimshika asubuhi, tukampeleka hospitali. Muuguzi, mama mmoja mtu mzima, alimfunua kope, akatazama, akaniita pembeni. Alisema damu imekuwa maji. Akaniuliza kama mgonjwa alikuwa anakula udongo. Nikasema sijui.

Nilijua. Nilikuwa nimeona msumari. Nilisema sijui kwa sababu nilidhani ananiuliza kama ninamtunza mke wangu.

Alasiri walikuwa wamekufa wote wawili. Muuguzi yule alinikuta kwenye benchi akaketi, akanieleza polepole kama unavyomweleza mtoto. Kwamba mtu anayetamani udongo mara nyingi mwili wake unalilia damu. Kwamba kuna vidonge, vinatolewa. Kwamba maini, mayai, maharage, mboga za majani, hivyo ndivyo vinavyorudisha. Alipotaja maini nilisikia harufu ya pilipili mdomoni mwangu. Tangu siku hiyo sijala maini, jambo ambalo halimsaidii mtu yeyote.

Tulimpeleka kwetu mlimani juu ya Mbale kwa lori la stoo. Kaburini watu walisimama kusema, na nilikuwa nimekushika mkono, labda unakumbuka ulivyolalamika kwamba nakuumiza. Mchungaji alisema alikuwa na mikono ya ukarimu. Shangazi yako alisema alijua kupika chakula chetu kuliko sisi wenyewe. Waiswa alisimama analia kwa kweli, akaeleza ile Jumapili ya malewa, alivyotulisha, alivyocheka. Watu wakaitikia. Kila aliyesimama alimkumbuka kwa kilichoingia tumboni mwake.

Kisha mwanamke mmoja wa Mafubira, mmoja wa wale wa maharage, akauliza kwa sauti ndogo, “Na yale aliyokuwa anaandika?” Watu wakanigeukia. Nilikuwa na nafasi. Hadithi nzima ilikuwa kichwani mwangu, na nilijua nikiitaja mtu ataomba kuisikia, na wakiisikia mbele ya jeneza kila mtu atajua ni nani aliyekula na ni nani aliyepangusa sufuria. Nikasema, “Ni mambo ya jikoni tu.”

Wakaridhika. Neno hilo liliingia vizuri sana. Nami saruji ilipokuwa bado mbichi nikaandika juu ya kaburi kwa msumari, kwa mkono wangu mwenyewe: AMONGIN. MKE MWEMA. MPISHI HODARI. Tangu hapo sijarudi kwetu. Watu wanadhani ni kazi. Magunia yapo, ni kweli, lakini nisingeweza kusimama pale nikasoma mwandiko wangu.

Nimefikiri sana chini ya mizigo hii. Mwanamke akiandika, watu humkumbuka kwa kilichokuwa kikichemka sufuriani wakati akiandika. Sidhani ni ubaya wa roho. Chakula chake walikionja, maandishi hawakupewa. Na aliyeyashikilia ni mtu wa nyumbani mwake, aliyekuwa na sababu. Sijui wako wangapi wenye mume kama mimi na mihimili ya stoo. Wewe pia una madaftari chini ya godoro. Sijayafungua. Lakini usimwachie mtu kama mimi kazi ya kueleza ulikuwa nani. Andika jina lako kila ukurasa. Mpe mtu mwingine nakala.

Na uwe na tabia mbaya ya kula. Nasema hivyo makusudi, kwa sababu huko uendako utasifiwa kwa kutokula. Watakuambia umelelewa vizuri, unawapa wengine kwanza. Nimekuona tangu ukiwa mdogo unanipakulia nyama yote na kusema wewe huna njaa. Hilo hukufundishwa na mtu, ulilirithi kwa kutazama, na mimi nikala. Naona aibu kuandika, lakini nikala. Sasa kula yai. Shangazi akikunja uso mwambie baba ameruhusu. Hapana, usiseme hivyo. Mwambie umejiruhusu mwenyewe. Kula malewa ukiwa huko, ya kwako peke yako, ufunge mlango.

Nilitaka kesho nipande basi pamoja nawe. Nilimwomba nyapara siku mbili akakataa, kuna malori manne ya kupakua. Kwa hiyo nimempa dereva wa lori ujumbe kwa shangazi, kwamba Jumanne asubuhi, kabla ya chuo, akusindikize hospitali upimwe damu. Sikumwambia sababu. Ukifika muuguzi akikuuliza kama unakula udongo, sema ndiyo. Sema tangu lini. Usione aibu kwa ajili yangu wala ya mtu mwingine. Jibu la “sijui” nilishalitoa mimi, na umeona lilitufikisha wapi.

Utashangaa kwa nini siyasemi haya mdomoni, wewe unalala chumba cha pili. Ni kwa sababu utacheka na kusema, baba, mimi ni mzima. Unalisema kwa sauti ile ile. Nami ni yule yule, nitataka kuamini. Karatasi haiwezi kubembelezwa hivyo. Nitaiweka juu ya daftari begini; ukiikuta leo utakapofungua kamba, njoo tuketi. Ukiikuta Namakwekwe, soma ukiwa umekula.

Chini ya maneno yangu pale kaburini pana nafasi. Sikuiacha kwa hekima, fundi alikuwa ananiharakisha. Saruji imekauka, msumari hautaingia tena, lakini rangi itashika. Wewe ndiye unayekwenda kuwa mwalimu, mwandiko wako ni mzuri. Andika neno moja, unalijua. Nami siku utakaponiandikia kwamba umeliandika, nitaomba likizo tena, na nikikataliwa nitakuja.

Naona kivuli cha paa kimefika kwenye jiko. Utarudi sasa hivi. Tundu lako sitaliziba. Kiraka cha mama yako nilikiziba haraka ili nisikione, nikakaa nacho miaka yote kama mtu aliyemaliza kazi. Hili nitaliacha wazi. Mvua itaingia, panya wataingia, majirani watauliza kama nimeshindwa hata kukanda udongo. Nitaukanda siku nitakapopata barua yako yenye matokeo ya damu, yawe mazuri au mabaya, na mwandiko uwe wako. Mpaka hapo nitakuwa napika mbele ya tundu hilo kila jioni, na upepo ukiingia nitausikia.

Baba yako,
Mafabi